Mikaratusi Kumi na Miwili na Nyumba ya Miaka Ishirini

Nakumbuka Jumapili moja nilipomchekesha babu yangu kwa jambo lisilochekesha. Nakumbuka hata kikombe alichoshika, kile cha bati cha rangi ya buluu kilichobanduka mdomoni, na jinsi chai ilivyomwagikia kidole chake kwa kucheka.

Mwanangu, usinitazame hivyo. Najua wewe uko darasa moja tu chini yangu na bado unanidai kalamu. Nina miaka kumi na saba, na ndevu zangu ni sita, nimezihesabu. Lakini kuna kosa ambalo mtu akilifanya huzeeka upande mmoja kama ndizi iliyolaliwa, na mimi upande huo ninao. Basi kaa, nikuite mwanangu, nawe uvumilie. Wahenga walisema kuishi kwingi ni kuona mengi. Mimi sijaishi kwingi, ila niliyoyaona yametosha.

Wakati huo tulikuwa tumepanga vyumba viwili hapa mjini Kakamega. Baba ni mwalimu wa Kiswahili. Mama anashona sare za shule. Baada ya kuweka akiba miaka mingi, Baba alipata nyumba ya kununua upande wa Lurambi, nyumba ya vyumba vitatu yenye geti jeusi. Akiba yake ilitosha malipo ya kwanza tu. Yaliyobaki, milioni tatu, benki ilikubali kumkopesha, na nyumba yenyewe ndiyo ingekuwa dhamana. Walimpa karatasi mbili achague: alipe kwa miaka kumi, au kwa miaka ishirini.

Jumapili hiyo Kuka alikuwa amekuja kutoka Kabras. Kuka ndiyo babu kwetu, na huyu wangu amelima miwa tangu mgongo wake ukiwa umenyooka. Tulikuwa tumemaliza obusuma, yaani ugali, kwa ingokho, kuku wetu wa kienyeji, na mimi kama mjukuu nilikuwa nimepigania firigisi nikashindwa, maana ilikuwa ya mzee. Baba akazileta zile karatasi mezani akaziweka mbele yangu.

"Mhasibu wetu," akaniambia, "nipigie hizi hesabu vizuri. Hii ya miaka kumi itatubana kidogo, lakini naona kama tutapumua mapema. Wewe wasemaje?"

Usishangae. Hesabu ndilo somo pekee ambalo sijawahi kuitwa ofisini kwa ajili yake. Nikachukua simu ya Mama, nikainamia. Karatasi ya miaka kumi ilidai elfu arobaini na sita, mia tano themanini kila mwezi. Ya miaka ishirini, elfu thelathini na saba, mia tatu na sita. Tofauti yake ni elfu tisa na kidogo. Na elfu tisa, mwanangu, niliijua kwa sura na kwa jina. Ilikuwa waifai ya kila mwezi. Ilikuwa runinga kubwa ukutani ikilipwa polepole. Ilikuwa mimi nikiwaambia vijana wa darasani, "Njooni kwetu tuangalie mechi, lakini mvue viatu."

Sasa sikiliza vizuri, kwa maana hapa ndipo kosa lilipo, na mtu akisimulia kosa lake hupenda kulipita mbio. Nilizidisha. Si kwamba sikuzidisha. Miaka kumi ilitoa milioni tano na laki sita hivi. Miaka ishirini ilitoa milioni nane, laki tisa na nusu. Niliitazama namba hiyo kwenye kioo cha simu, nikaona kwamba kwa kuchagua malipo madogo tungeongeza zaidi ya milioni tatu, yaani zaidi ya mkopo wenyewe. Kisha nikaifuta.

"Baba, hizi ni mamoja," nikasema. "Zote ni nyumba ileile. Tofauti ni muda tu. Kwa nini tujinyonge?"

Mama akasema, "Kweli, tusijibane sana." Baba akaizungusha kalamu.

Kuka ndiye aliyeuliza. Aliweka mfupa wa kuku kando, akapangusa mikono, akaniuliza taratibu, "Mjukuu, hiyo ndefu, mpaka mwisho ni ngapi?"

Wajua desturi yetu, mjukuu na babu wana utani. Naweza kumwambia kwamba kichwa chake kinawaka kuliko taa za kaunti, na hakuna wa kunikemea. Huo utani ndio nilioutumia kama mlango wa uani.

"Kuka! Mpaka mwisho? Mpaka mwisho wewe utakuwa unaulizwa maswali mengine na malaika!"

Nyumba nzima ikacheka. Mama alinirushia kitambaa cha vyombo huku akijifuta machozi ya kicheko. Hata Kuka alicheka, ndipo chai ikamwagika. Lakini alipotulia akanitazama kwa jicho moja, kama anavyomtazama fundi wa trekta.

"Sawa," akasema. "Miwa imenifundisha jambo moja. Hapo zamani nilikuwa nikiulizanga tani tu. 'Tani ngapi? Tani ngapi?' Naambiwa tani nyingi, narudi nyumbani nikiimba. Kumbe kuna makato: ya kulima, ya mbolea, ya mbegu, ya kukata, ya lori. Msimu mmoja, baada ya kungoja miezi ishirini, nilibakiwa na pesa za kununua sukari kilo mbili. Mkulima wa miwa, nikanunua sukari! Tangu siku hiyo siulizi tani. Nauliza makato." Akasimama, akachukua kofia yake. "Na wewe mjukuu, anayejibu kwa kicheko, jibu amelificha shavuni."

Tukacheka tena. Baba akatia sahihi ile ya miaka ishirini kesho yake.

Tulihama. Sikudanganyi, nyumba ilikuwa tamu. Runinga ikapanda ukutani, viatu vikavuliwa mlangoni. Mwaka wa kwanza ukapita hivyo. Mwaka wa pili, Januari, wakati ambao Mama huvuna maana kila mzazi anataka sare, aliteleza kwenye ngazi za soko wakati wa mvua akavunjika mkono wa kulia. Cherehani tatu zikanyamaza msimu mzima. Miezi miwili Baba hakuweza kulipa benki. Barua ikaja, kisha nyingine, ya pili ikiwa na neno "mnada" katikati. Nilimwona Baba, mwalimu wa Kiswahili, akilisoma neno hilo kana kwamba halijui.

Baadaye mambo yakatulia ghafla. Benki ililipwa. Hakuna aliyeniambia pesa zilitoka wapi, nami sikuuliza. Mtu aliyezoea kuficha majibu hapendi maswali.

Ikafika Agosti. Huo ndio mwaka niliotakiwa kujenga isimba yangu. Kijana wa kwetu akishatahiriwa na kuota vindevu, hata kama ni sita, hujenga kijumba chake ndani ya boma la wazee wake, alale humo, apokee wageni wake humo, ajifunze kuwa mtu. Mjini haikuwezekana. Nyumba ya benki huwezi kuipigilia hata banda la kuku nyuma bila kuandika barua. Isimba yangu ilikuwa ya kujengwa Kabras kwa Kuka, na nguzo zake nilizijua tangu utotoni. Wiki niliyozaliwa, Kuka alipanda mikaratusi kumi na miwili kando ya kijito, akatangaza kwamba hiyo ni nyumba ya mjukuu, bado imesimama tu.

Nikaenda na binamu yangu Brayo, kwenye pikipiki, na panga mbili na kelele nyingi. Tulipofika kijitoni tukashuka. Palikuwa na visiki kumi na viwili. Vilikatwa kwa msumeno, vimenyooka juu kama meza ndogo, na maganda yalikuwa bado yametapakaa.

"Wezi!" Brayo akapiga kelele. "Kuka, wezi wamekata miti!"

Kuka alikuwa nyuma ya zizi akimkatia ng'ombe majani ya nepia. Hakuinua kichwa.

"Si wezi. Ni mimi. Niliiuza kwa watu wa nguzo za stima." Akakata fungu lingine. "Isimba yako iko Lurambi sasa, mjukuu. Ina geti jeusi."

Nilitafuta utani. Nakuapia, niliutafuta mfukoni kote. Haukuwepo.

Akasimamisha panga. "Lile swali langu bado unalo? Mpaka mwisho ni ngapi?"

"Milioni nane, laki tisa na nusu, Kuka."

"Na ile fupi?"

"Tano na laki sita."

Akamsogezea ng'ombe fungu la majani. Kisha akauliza kwa sauti ya chini kabisa, "Siku ile ulijua?"

"Nilijua."

Hakunipiga. Hakunitukana. Alisema, "Basi nenda ukamwambie mwenye sahihi," akarudi kwenye nepia yake. Mwanangu, kipigo cha mzee kina mwisho, lakini mgongo wake akiugeuza hujui atakugeukia tena lini.

Nilimkuta Baba anasahihisha insha. Nikamwambia yote: simu ya Mama, namba niliyoifuta, elfu tisa yangu, utani wangu wa malaika. Aliweka kalamu nyekundu chini. Akaenda chumbani akarudi na taarifa ya mkopo aliyokuwa ameiomba benki. Malipo ya miaka miwili yalikuwa yamefika karibu laki tisa. Deni lilikuwa limepungua elfu sitini na tatu.

Soma tena ukitaka. Laki tisa zimeingia, elfu sitini na tatu tu ndizo zimeligusa deni. Zilizobaki zote zilikuwa riba, kwa sababu malipo ya mkopo mrefu hulisha riba kwanza, nyumba baadaye. Miaka miwili tulijiona wenye nyumba, kumbe tulikuwa wapangaji wa benki, tena wapangaji wanaopaka kuta rangi wenyewe.

"Nisamehe, Baba," nikasema. "Ulinitegemea kwa sababu hesabu zinakusumbua."

Akaikunja ile taarifa. "Kuzidisha najua, kijana. Kwani namba za mishahara yangu huzisoma nani? Nilikupa wewe nione kama umekuwa mtu mzima. Nami nikaacha kuhakikisha kwa sababu nilitamani uwe umekuwa."

Hayo ndiyo maneno ninayolala nayo. Visiki naweza kuvizoea.

Runinga iliuzwa wiki hiyo. Waifai ikakatwa, na simu niliyokuwa nimenunuliwa tulipohama nikairudisha dukani kwa hasara. Baba alikwenda benki na barua aliyoiandika kwa Kiswahili chake chote, akaomba kila mwezi aongeze elfu tisa na kwamba ziada hiyo ikate deni lenyewe, isikae tu ikingoja malipo ya mwezi ujao. Wakakubali. Tukiendelea hivi bila mkono wa mtu kuvunjika tena, tutamaliza baada ya karibu miaka kumi, yaani palepale Baba alipotaka kuanzia, tukiwa tumechelewa miaka miwili na miti kumi na miwili.

Basi mwanangu, nasaha zangu ni hizi, na huenda bado huna nyumba wala ndevu, lakini mzazi wako anaweza kukuwekea karatasi mezani kesho. Usidanganywe na malipo ya mwezi. Malipo ya mwezi ni tani, na wewe uliza makato. Zidisha mpaka mwezi wa mwisho, uandike jumla kwa herufi kubwa mahali ambapo kila mtu ataiona, hata kama inatisha, hasa kama inatisha. Uliza kama riba itakaa hapo au itapanda, kwa kuwa karatasi hukaa kimya mpaka uiulize. Uliza gharama za mwanasheria, za bima, za kuchelewa, na kama mtu akitaka kumaliza mapema ataruhusiwa au ataadhibiwa. Mkiweza kubanwa miaka michache, mbanwe mkingali na nguvu, na mweke kando akiba ya mkono utakaovunjika, maana kuna mkono utakaovunjika. Na ukiwa wewe ndiye unayejua namba, usiimeze kwa ajili ya kitamu chako. Haba na haba hujaza kibaba, walisema, na mimi nimeongeza kwamba haba na haba huweza kujaza kibaba cha mwingine.

Utani usiuache. Mimi sijauacha, na Kuka mwenyewe amerudi kunitania, ingawa ilichukua muda. Likizo iliyopita aliniita kijitoni. Visiki vimechipuka, kila kimoja na vichipukizi kama kumi vikisukumana. Akanifundisha kuchagua kimoja kilichonyooka na kuvunja vingine, la sivyo vyote vitabaki fito. Tulipomaliza kisiki cha kumi na mbili akajipangusa jasho, akaniuliza, "Sasa mjukuu, hizi nguzo, mpaka mwisho ni miaka mingapi?"

Nikahesabu kwa vidole mbele yake. "Saba, Kuka. Pengine nane."

"Nitakuwepo?"

Nikaokota vichipukizi tulivyovunja, naye akacheka peke yake, akanishika bega tukapanda nyumbani.

Mungu akupe nyumba, mwanangu, na akuwezeshe kuimaliza ukingali na meno ya kulia ingokho ndani yake. Wazee wako waione. Miti waliyokupandia ikufikie ingali imesimama. Na siku utakapoulizwa mpaka mwisho ni ngapi, upewe kinywa kinachojibu kabla hakijacheka.