Maji ya Mto Mwingine

Nilipokuwa mtoto wa kubeba kibuyu kidogo, tuliishi ukingoni mwa uwanda wa juu, upande wa Newala, mahali ambapo asubuhi unauona Mto Ruvuma chini kabisa, mweupe kwa mchanga. Huku juu hakukuwa na maji. Wanawake walishuka mteremko mkali wa genge kila siku kuchota kwenye visima vya bondeni.

Mto ule alinifundisha Bibi, mama yake mama. Unatoka kwenye milima ya machweo, alisema, karibu na ziwa. Unapokea mto Rujenda kutoka ng'ambo, kisha unapita chini yetu ukihamahama kila masika. Wazee wetu walikaa kando yake mpaka wakamataji wa watumwa walipowafukuza, wakapanda huku. Kila mtoto wa ukoo alioshwa kwa maji ya Ruvuma alipozaliwa, na kwa hiyo alikatazwa kunywa dawa ya maji ya mto mwingine. Akinywa, Ruvuma haumpokei tena.

Kiangazi kimoja akaja mgeni na kibuyu kilichozibwa kwa majani. Mjomba Chilumba, kitinda mimba wa Bibi, alimkaribisha barazani. Mgongoni mwake mjomba alikuwa na alama mbichi za kiboko cha askari wa Mdachi, kwa kuchelewa kazi ya barabara.

"Shikamoo, mama," mgeni akasema.

"Marahaba. Maji hayo ni ya mto gani?"

"Rufiji. Ukiyanywa, risasi ya Mdachi inageuka maji."

"Huo Rufiji unatokea wapi?"

Mgeni akatazama kibuyu chake. "Mbali."

"Unaungana na mto gani?"

"Mama, nimetumwa dawa. Sikutumwa kueleza mito."

Alidai ametoka kaskazini moja kwa moja, lakini vidoleni mwa miguu alikuwa na matope meusi yaliyokauka, matope ya bonde letu la kusini. Bibi naye aliyaona, maana alinibinya bega ninyamaze. Akamgeukia mwanawe tu.

"Ukinywa, Ruvuma utakukataa."

"Mdachi keshanipiga, mama," mjomba akajibu, akanywa.

Akaondoka na vijana wenzake kuelekea Masasi. Alirudi peke yake, akichechemea. Wenzake walipigwa risasi, ndivyo alivyosema, na zaidi ya hapo hakusema. Majirani wakaanza kumtazama. Wengine walisema alikimbia, wengine walinong'ona kwamba aliwaonyesha askari njia. Hata mama akaanza kumpakulia ugali pembeni. Naye mjomba, nadhani, alikuwa akitushuku sisi kama tulivyomshuku yeye.

Kisha tukaona moshi upande wa Masasi. Askari walikuwa wakichoma maghala ya mtama. Wazee wakaamua tuvuke Ruvuma kwenda ng'ambo, kwa Mreno.

Tulifika mtoni jua likichomoza. Kwa kuwa kilikuwa kiangazi, maji yalimfika mama kiunoni, nami nilikuwa mgongoni mwake. Tulipofika katikati, Bibi akageuka. Mjomba alikuwa bado amesimama mchangani.

"Vuka, mwanangu."

"Ulisema utanikataa."

"Nilisema ili usinywe. Na yule mtu alikuwa na matope ya kwetu miguuni. Maji yale aliyachota hapa hapa."

Mjomba akamtazama kama mtu anayetazama pesa asiyoiamini. "Siku ile hukusema hivyo," akasema.

Bibi akaanza kurudi majini kumfuata, amenyoosha mkono. Kila aliposogea, mjomba alirudi nyuma hatua moja. Mwisho akaingia kwenye matete, na hatukumwona tena.

Vita vilipokwisha tulirudi uwandani. Walioulizwa juu yake walijibu kila mmoja la kwake: askari, simba, njaa. Leo nimempita Bibi kwa umri, na bado nawasikia watu wa ukoo wakisema onyo lile lilitimia, Ruvuma ulimkataa Chilumba. Mimi nilikuwapo. Mto ule siku ile ulimpitisha kila aliyetia mguu. Kama maji yale yalikuwa ya Rufiji au ya kwetu, sitajua, na Bibi mwenyewe sidhani alijua. Alimwambia la kwanza kwa kumpenda, na la pili pia kwa kumpenda, naye mjomba hakuweza tena kuyatofautisha.

Bibi aliishi miaka mingi baada ya hapo. Watoto walizaliwa, wakaoshwa kama desturi, lakini sikumsikia tena akimwambia yeyote kile ambacho mto ungemfanya.