Mawe Niliyowawekea Samaki wa Ikola

Mimi nina hasira, na sikuanza leo. Mama yangu alikuwa akisema nilizaliwa nimekunja ngumi. Kwa hiyo mtu asinihurumie kabla sijamaliza kusimulia.

Katikati ya miaka ya tisini niliishi Kawajense, hapo Mpanda mjini, kwenye nyumba ya vyumba viwili na sebule. Mimi nilikuwa mke mkubwa. Mwenzangu, mke mdogo, aliletwa kutoka Usevya, na wakati ninaousema alikuwa na mimba ya miezi mitano. Mimi nilikuwa na miaka saba ya ndoa na sikuwa na mtoto hata wa kusingiziwa. Wazazi wangu walishafariki. Nyumba yao ya Magamba kaka yangu aliiuza, akapotelea machimboni, hata leo sijui kama yu hai. Mume angenifukuza, sikuwa na mlango hata mmoja wa kupiga hodi. Yeye alilijua hilo, na alipenda kunikumbusha.

Tulipigana, mimi na yule mdogo. Sisemi kurushiana maneno, nasema kupigana. Mwezi wake wa kwanza nilimchapa na mwiko wa ugali nikampasua juu ya jicho, kisa alihamisha sufuria yangu. Yeye naye aliniuma mkono mpaka meno yakakutana, na kovu ninalo. Majirani walituzoea. Walikuja kutuachanisha mikono bado ina unga, wakimaliza wanarudi kusonga ugali wao. Alipopata mimba niliacha kumgusa, lakini roho ndiyo kwanza ikazidi kuwaka. Kila tumbo lake lilipokua kidogo, mimi niliona nasogezwa mlangoni kidogo.

Mume wetu alikuwa mtu wa ziwani, mzaliwa wa Ikola. Kazi yake ilikuwa samaki, ila si samaki wa kula. Kulikuwa na mnunuzi kutoka Dar es Salaam aliyetaka wale samaki wazuri wanaokaa kwenye mawe ya Ziwa Tanganyika, wa kufugwa kwenye masanduku ya vioo majumbani kwa Wazungu. Mume wangu na wenzake walizama na nyavu ndogo, wakawafukuza mwambani mpaka wakanasa. Samaki wenyewe walikuwa weusi tii, wana mkanda mpana wa njano tumboni, wa kuenea kwenye kiganja. Mdomo wao butu, umekaa chini chini, kazi yake kukwangua ukijani wa mawe kutwa nzima. Mnunuzi alituambia kule pwani kuna pono, ana mdomo kama wa kasuku, naye anakwangua matumbawe vivyo hivyo. Mimi pono nilimjua kwa maneno tu: mtu akilala asiamke tunasema amelala usingizi wa pono. Hawa wetu usingizi hawakuwa nao.

Walifika Mpanda kwa lori, na maji yao ya ziwa, wakakaa sebuleni kwetu siku mbili tatu kusubiri treni. Tuliwaweka kwenye pipa kubwa la bluu la plastiki lililokatwa juu. Umeme hatukuwa nao, kwa hiyo pumzi yao ilikuwa mikono yetu. Unachota maji kwa jagi, unayamimina kutoka juu yatoe povu, unachota tena, mpaka bega linakufa ganzi. Tulipeana zamu, leo mimi, kesho yeye.

Mume alikuwa na amri mbili tu. Msiwatenganishe, na msiweke kitu chochote ndani ya pipa, hata jani. Sababu hakutoa. Mume wangu hakuwa mtu wa kueleza. Jambo alilisema mara moja, na mara ya pili alilisema kwa mpira wa baiskeli, ule wa kufungia mizigo, ambao aliuning'iniza nyuma ya mlango.

Safari hiyo alileta samaki arobaini. Kabla ya kurudi Ikola kufuata wengine alituita wote wawili sebuleni.

"Mnunuzi anakuja mwenyewe," alisema. "Na mimi nimechoka na vita yenu humu ndani. Hawa samaki wakifa, aliyewaua anarudi kwao siku hiyo hiyo. Mmenisikia nyie?"

Alisema nyie, lakini macho yalikuwa kwangu. Mwenzangu akaitikia, "Tumesikia, baba."

Siku ya pili ilikuwa zamu yangu. Mwenzangu alikwenda kliniki kupima mimba, nikabaki peke yangu na pipa. Nikawaangalia wale samaki. Jamani, walivyobanana! Hakuna aliyekuwa na pa kugeukia. Huyu anataka kumvaa yule, kabla hajamfikia wa tatu keshakatiza katikati, anasahau alikuwa anamtaka nani. Niliwahurumia, na huruma si kitu changu. Nilijisemea, hivi hawa wakipewa kila mmoja nafasi yake na jiwe lake la kujisitiri, si watatulia? Mimi leo nikipewa nyumba yangu, si nitatulia? Na sifichi, nilitaka pia mume akirudi akute samaki wamechangamka, aone nani anajua kutunza mali yake.

Basi nikachukua mabeseni matatu ya kufulia, nikayasuuza vizuri, nikagawa maji ya ziwa ya kwenye madumu. Nikaenda bondeni kuokota mawe, nikayasugua kwa mikono mpaka yakatakata. Kila beseni samaki kumi na mawe yao, na kumi wakabaki kwenye pipa, nao nikawawekea ya kwao. Wakaingia chini ya mawe, kimya. Nikasimama nimeshika kiuno, nikajisifu kwa sauti kabisa: "Mwanamke weee!"

Mwenzangu aliporudi alisimama mlangoni akatazama. "Dada, si alisema tusiwatenganishe?"

"Zamu ya nani leo?"

"Yako."

"Basi funga domo lako ukalale."

Akaenda kulala, miguu yake ilikuwa imevimba.

Alasiri nilikuwa nyuma natwanga kisamvu nikasikia maji yanaruka. Niliingia ndani nikakuta samaki mmoja sakafuni, amejaa vumbi, anahema. Nilimwokota nikamrudisha. Hata hajatulia, mmoja akatoka chini ya jiwe kama amechomolewa, akampiga ubavuni, akamng'oa magamba, akamfuata pembeni, akampiga tena. Yule hakuwa na pa kwenda. Beseni ni mviringo, ukikimbia unarudi pale pale. Nilitazama mabeseni mengine, kila moja lilikuwa na mmoja aliyejitwalia mawe yote, na tisa wengine wamejibana juu ya maji na mapezi yaliyochanika. Kumbe ule msongamano ndio uliokuwa unawaponya. Wakiwa wengi hakuna anayeweza kumiliki kitu, wala kumwandama mmoja mpaka mwisho. Mimi ndiye niliyewapa kitu cha kumiliki.

Akili ya kuwarudisha wote pipani na kutoa mawe haikunijia. Hasira ndiyo ilinijia. Niliingiza mkono kumkamata yule muuaji wa beseni la kwanza, akanigonga vidole, akanipenya, akaenda kummalizia mwenzake hapo hapo mkono wangu ukiwa majini. Alimla jicho. Nilimnasa kwa kawa la kufunikia chakula, nikamtoa, nikamtwanga ukutani. Nikamwokota nikamtwanga tena. Loo, nilimpiga yule samaki kuliko nilivyowahi kumpiga mtu. Nikadhani nimemaliza vita, kumbe mwingine keshaingia chini ya jiwe lake, naye ameanza.

Kulipokucha walikuwa wamebaki kumi na mmoja. Wengine walielea bila macho, wengine bila mikia, wawili nilikuta wamekaukia chini ya kiti. Nikatoa mawe nikayatupa mbali, nikawarudisha waliobaki pipani, nikaanza kumimina maji kwa jagi kama mwehu. Niliwaza kitu kimoja tu, kwamba leo nafukuzwa, na sina pa kwenda.

Mume aliingia mchana na lori, pamoja na dereva. Aliona mabeseni, akaona maiti za samaki nilizozirundika kwenye ungo. Hakupiga kelele. Alisukuma mlango, akachukua ule mpira.

"Nani aliwatenganisha?"

Mwenzangu alikuwa ametoka chumbani, amejishika kiuno. Mimi nilikuwa na jagi mkononi. Maneno yalitoka kabla sijayafikiria. Au tuseme niliyafikiria usiku kucha, nijidanganye ya nini.

"Jana ilikuwa zamu yake," nilisema. "Mimi nilikuwa bondeni. Nimerudi nimekuta kashawagawa."

Pigo la kwanza lilimpata shingoni. La pili usoni. Alijigeuza haraka akauelekea ukuta, akalikumbatia tumbo kwa mikono miwili, mgongo akauacha. Mume alimchapa mgongo ule mpaka gauni likachanika na damu ikaanza kuchora juu ya kitambaa. Alimpiga teke la miguu, mwenzangu akaanguka magoti, bado amelikumbatia tumbo. Nilisubiri aseme. Nilikuwa tayari kabisa, kila pigo nilijua sasa anasema, sasa ananitaja. Aligeuza kichwa mara moja akanitazama, jicho moja limeshafunga. Kisha akarudisha uso ukutani.

Na mimi nilifanya nini? Niliendelea kumimina maji. Mungu ananiona. Nilichota, nikamimina, nikachota, nikamimina, kwa sababu kama nisingekuwa na kazi ya mikono ningesema ukweli. Dereva na majirani ndio waliomkamata mume wangu, wanaume watatu, mmoja akamnyang'anya mpira. Dereva alimwambia, "Bwana, una wazimu? Mwanamke ana mimba!" Yeye anahema tu, anasema, "Aende kwao. Aende kwao leo."

Wanawake wa jirani walimwosha mwenzangu, wakamkanda na maji ya chumvi. Mkunga mmoja mzee alimshika tumbo kwa muda mrefu, akasema mtoto anacheza. Hakuna aliyenitazama vibaya, wote waliamini. Mmoja hata alinishika bega akaniambia, "Pole mwenzetu, na wewe umeponea chupuchupu." Nilitamani ardhi ipasuke nizame.

Lori la kwenda Usevya lilikuwa linaondoka alasiri ile. Nilimbebea mzigo wake mpaka stendi, kitenge kimoja kimefungwa nguo zake zote. Alitembea amepinda mgongo, nguo ilimgandia kwenye majeraha, na kila jiwe la njiani lilimtoa mguno. Tulipofika nilishindwa kuvumilia.

"Kwa nini hukunitaja?" nilimwuliza. "Ulikuwa na mdomo. Ungesema!"

Alitema mate yenye damu pembeni, akajifuta kwa upindo wa kanga. Hakuwa na upole wowote usoni, wala msamaha, na sikuuomba.

"Mimi baba yangu yupo Usevya, na mama yupo," alisema. "Ningekutaja wewe, leo ungelala wapi?"

Nilitaka anitukane. Nilitaka anirukie tuviringishane pale stendi mbele ya watu, aning'ate hata huu mkono mwingine. Alinipa mkono kama watu wanaoagana vizuri, dereva akamsaidia kupanda, wakaondoka. Nikarudi Kawajense kumpikia mume.