Jiko la Pili la Ba

Mume wangu alipohama hakuhama na mama yake. Alichukua nguo, televisheni na gari, akaenda kupanga mtaa wa Weston karibu na kituo cha treni, akaniachia mama mkwe mwenye magoti mabovu katika nyumba yetu ya mtaa wa Malvern, huku ughaibuni. Nami kwa ujinga wangu, au kwa malezi ya Tanga, niliendelea kumpikia.

Nilimwita Ba, ndiyo mama kwa Kigujarati, na hicho ndicho tulichozungumza tukiwa na adabu zetu. Tukigombana tulihamia Kiswahili. Yeye ni mzaliwa wa Mombasa, na mwenye hasira hakuna lugha inayomtosha kama hiyo.

Kesi ya talaka mume aliifungua India, kwa kuwa huko ndiko tulikozunguka moto na kufunga ndoa kwa sheria ya Wahindu. Sheria hiyohiyo inasema mke asiye na kipato anaweza kuomba matunzo ya muda: mume amtunze mpaka kesi iishe, ili njaa isimlazimishe kukubali lolote. Na mimi kipato sikuwa nacho. Kazi yangu ya kuoka mikate niliiacha nimuuguze Ba, kwa ombi la mwanawe huyohuyo. Bila matunzo yale ningetia saini karatasi alizonitumia, niondoke mikono mitupu, nirudi Tanga kwa kaka yangu nikalishwe kama mtoto.

Wakili wangu alipiga simu kutoka India. "Dada, mumeo anasema huhitaji chochote. Anasema unaishi na mama yake, mnakula chungu kimoja, na pesa za chakula anampa mama. Mama ataapa hivyo."

"Lakini kula pamoja ni kweli tunakula."

"Ndiyo maana nimekupigia."

Kwetu jiko si mahali pa kupikia tu. Ndugu wakiishi nyumba moja na kupikia jiko moja, hao ni familia moja. Siku wanapotenga majiko wamegawana, hata wakilala ukuta kwa ukuta. Jaji wa kule hahitaji kufafanuliwa hilo. Na Ba hakuwa mtu wa kuapa uongo. Kila asubuhi alifukiza ubani mbele ya miungu yake na kuomba msamaha hata kwa maziwa yaliyomwagika.

Nilimweleza yote. Alinisikiliza akichambua dengu. Kesho yake akaniambia nimpeleke dukani. Akanunua jiko dogo la umeme, la kuweka sufuria moja tu, akaniamuru nimshushie besimenti, chumba cha chini ya nyumba, pamoja na mchele wake na dengu zake.

"Kuanzia leo napika mwenyewe," akasema. Kwa Kiswahili.

Loo! Nilipandwa na mori. Mimi huyu niliyemkanda magoti msimu wa baridi mzima, leo chakula changu kimekuwa najisi? "Sema tu hunitaki!" nikamfokea. "Mwana hanitaki, mama hanitaki, nani amebaki?" Akashuka ngazi kwa kukalia, moja baada ya moja, kama mtoto. Nilibamiza mlango, nikalia huku nikikaanga bamia, nikaziunguza.

Jumapili mwanawe akaja na karatasi ya kiapo, akamfuata mama chini. Mlango wa besimenti ulikuwa wazi, nami sikujisumbua kuufunga.

"Hapa pameandikwa tunakula jiko moja," Ba alisema. "Si kweli. Jiko langu hili hapa. Gusa, bado la moto."

"Mama, tangu lini?"

"Tangu nilinunue. Ukitaka niape, nitaapa kama ilivyo. Mke wako simlishi, na pesa zako hazimfikii."

"Wewe ni mama yangu au mama yake?"

"Mama yako. Ndiyo maana naona aibu."

Mwanawe aliondoka bila kuniangalia. Nikakaa pale juu ya ngazi, nikacheka na kulia kwa pamoja. Kibibi kile!

Ba aliapa kama alivyosema, na mahakama ikakubali matunzo. Nilidhani sasa yamekwisha, nikashuka na sahani ya khichdi, wali uliopikwa na dengu, na samli juu. Ba akaisukuma.

"Wamekupa ya muda au ya milele?"

"Ya muda. Mpaka kesi iishe."

"Basi mpaka kesi iishe. Sitaki niliyoyaapa yageuke uongo."

Kesi za kule hazina haraka. Theluji zilikuja zikaenda. Nilimshushia dawa, nilimkanda, nilimwosha nywele, lakini chakula, thubutu! Harufu ya haradali yake ilipanda kwangu, ya kwangu ikashuka kwake. Akipata mafua alikula wali mtupu, nami juu nina supu ya moto. Nilichukia sheria, nilichukia viapo, nilichukia hasa ukaidi wake. Na nilimpenda kuliko nilivyowahi kumpenda mwanawe.

Asubuhi talaka ilipotoka nilikuwa nakanda unga. Nilishuka na mikono yangu hivyohivyo nikamwambia. Akainamisha kichwa. "Haya," akasema. Nikarudi juu.

Adhuhuri nikamsikia anapanda, akipumzika kila ngazi. Mlango wa jikoni hakuusukuma, ingawa nyumba ni ya mwanawe. Alipiga hodi.

"Karibu, Ba."

Alisimama kizingitini na sahani tupu mkononi, amevaa sari yake ya kutokea.

"Sina haki yoyote kwako sasa," akasema. "Si mkwe wako, si nani wako. Nina njaa tu ya chakula chako."