Ala Isiyotaka Kusogelewa

Shangazi yangu aliichukia theremini tangu siku niliyoishusha kwenye treni. Ni kisanduku cha umeme chenye antena mbili. Hukigusi, unachezesha mikono hewani karibu nacho, kinalia. "Kinanda kisichoguswa ni cha majini," alisema. Tangu hapo nikimwamkia shikamoo, aliitikia marahaba akiutazama ukuta. Ndiye aliyenilea, pale Itetemia. Iliniuma, nami nikamnunia vilevile.

Sikuacha kuipiga. Kule Goweko, wakulima walipokwisha kuuza tumbaku, walinicheka. Kaliua niliwapigia abiria waliosubiri treni ya Mpanda, mmoja akaniuliza ninamloga nani. Watu hawa! Wanapapasa vioo vya simu kutwa nzima, ila mimi nikipunga mkono hewani ni mchawi.

Kisha binti wa kaka yangu akaolewa, nikaomba nafasi ya wimbo mmoja. Nilitaka jambo moja tu: shangazi anitunze. Kwetu hujawa mpigaji mpaka mama wa nyumba ainuke, aje akicheza hadi ulipo, akuvishe kanga mabegani mbele ya watu. Mpiga kinanda wa harusi hiyo alikwisha kuvishwa mbili, na anabonyeza ovyo.

Nikapiga. Ua wote ukanigeukia. Nikamwona shangazi anatoa kanga mpya, anainuka, anakuja akicheza taratibu. Machozi yakanilenga.

Lakini ala hii huhisi mwili wowote ulio karibu, si wangu tu. Alipokaribia, sauti ikapanda. Akasogea zaidi, ikapiga yowe. Wanawake wakaangua kicheko. Akarudi nyuma, ikatulia. Akaja tena, yowe lilelile.

"Dude hili linanikataa mimi? Mbele ya wageni?"

"Si wewe, shangazi. Ni mwili tu ukisogea."

"Mwili wangu una nini?" Akaikunjua kanga. "Haya, lizime nikuvishe."

Ubeti wa mwisho ulikuwa haujapigwa. Miaka yote nawabembeleza wanisikilize, leo ili wanitunze lazima ninyamaze! Na kanga ile niliitaka, Mungu anajua nilivyoitaka. Mikono yangu ikabaki hewani.

Akamgeukia mpiga kinanda, akamvisha ya tatu.

Nikaumaliza wimbo. Sauti haikutetereka hata kidogo, maana hakuna aliyenisogelea tena.