Pale Aliposimama Koikoi

Enzi za Mwingereza, kabla ya vita vikuu vya pili, sisi wa kando ya Mto Ruvu, upande wa Mlandizi, hatukuvuka baada ya mafuriko mpaka koikoi asimame majini. Nasema yule mkubwa, ambaye kimo chake kinamfika mtu kifuani: kichwa na shingo rangi ya udongo mwekundu, mgongo wa majivu, mdomo kama mkuki. Hukaa peke yake kwenye matete. Husimama asubuhi nzima bila kutikisika, kisha ghafla utamwona na kambare mdomoni. Wazee walitufundisha kwamba maji yakimfika gotini, mtu mzima hayampiti mapajani. Tuliamini hivyo, na miaka mingi tulivuka salama.

Masika moja mvua zilichelewa kuisha. Mpunga wa mke wangu ulikuwa ng'ambo, unaliwa na ndege. Nilimsindikiza mtoni, nimembeba binti yetu ambaye alikuwa bado ananyonya. Wanawake wenzake walikuwa wamekaa ukingoni, hakuna aliyetaka kutangulia.

"Mwalimu, mkeo anangoja umsomee dua maji yakauke?" akauliza mmoja, maana nilikuwa nikisomesha watoto Kurani.

"Mwache, shoga, anaogopa kulowa wanja," akadakia dada yangu.

Mke wangu akacheka. "Wifi, ulimi wako ungekuwa jembe, bonde zima lingekwisha kulimwa."

Hapo koikoi akashuka taratibu, miguu ikining'inia, akatua katikati ya mto. Maji hayakumfika hata gotini.

"Haya, njia hiyo," akasema mke wangu. Akakaza kanga kiunoni, akaingia.

Alipomkaribia, ndege akaruka kwa sauti nzito. Pale alipokuwa amesimama palibaki magugu yaliyosukana, nayo yakaanza kuteremka na mkondo. Kumbe hakusimama juu ya mchanga. Alisimama juu ya magugu yaliyong'olewa na mafuriko, na chini yake palikuwa na kina. Mke wangu alikwisha kupiga hatua. Nilimtupia dada yangu mtoto, nikajitosa; wavuvi waliokuwa karibu ndio walionitoa, nikiwa mikono mitupu.

Tulimpata alasiri, tukamzika kabla ya magharibi. Vijana walichukua pinde wakamuue yule ndege. Baba mkwe akawazuia.

"Mwacheni, wanangu. Alikuwa akitafuta riziki yake."

Aya za subira nilikuwa nikizisomesha kila siku. Siku ile nilizisoma upya usoni mwa mzee yule.

Mtoto alikataa uji, akakataa na maziwa ya mbuzi. Dada yangu, aliyekuwa na mtoto wake mchanga mgongoni, akamchukua akamnyonyesha. Alhamdulillahi, binti alikua, ana afya. Alipoanza kusema, alimwita shangazi yake "mama". Dada yangu akampa ziwa, lakini kwa jina hilo hakuitika: lilikuwa la wifi yake.