Siku Amani Alipoambiwa Ajitoe

Sisi tuliokua Bertrams, mtaa wa Joburg, kabla simu hazijawa na vioo vya kugusa, Jumamosi zetu zilianza na harufu ya magwinya, maandazi ya huku, yakikaangwa kwenye spaza, kiduka cha kona, na mlio wa cherehani ya Mama. Mama alishona tangu tulipotoka Bukavu mpaka macho yalipomgomea. Ukishaosha vyombo na kufagia, ulikuwa huru hadi taa za barabarani ziwake, na hakuna aliyekupigia kuuliza uko wapi. Leo mwanangu Daudi akitumwa mkate hapo tu baada ya robot, taa za magari, ananitumia ramani.

Watoto wengine wa mtaa walicheza soka. Sisi tulicheza besiboli, jambo ambalo hadi leo wenzangu wa benki kule Sandton wanadhani nalitunga. Chanzo kilikuwa mzee mmoja Mmarekani aliyekaa mtaa wa Observatory, tuliyemwita Kocha, basi. Alikuwa amefundisha besiboli katika chuo kimoja kwao sehemu kubwa ya maisha yake, akaacha kazi, akamfuata mkewe, mzaliwa wa Joburg, aliyetaka kurudi nyumbani. Kukaa bure kulimshinda. Akatokea kwenye uwanja wa Bez Valley na gunia la magongo na glavu kuukuu zenye jasho la watu tusiowajua. Nisidanganye, mwanzoni tulifuata machungwa aliyogawa. Mimi niliruhusiwa kwenda kwa sababu Mama hakutaka kaka yangu Amani azurure peke yake.

Kocha hakuwa mtu wa kupiga kelele. Uwanjani aliongea kwa mikono. Akishika sikio, kimbia. Akigusa kofia kisha mkanda, piga banti. Banti tuliichukia. Badala ya kuupiga mpira kwa nguvu zako zote, unausogezea gongo uguse tu na kuanguka karibu. Wapinzani wanakimbilia kuuokota, wanakutoa wewe, lakini mwenzako aliyekuwa kituo cha pili anapata nafasi ya kufika cha tatu, karibu na nyumbani, pale ambapo akifika mnapata pointi. Yaani unajitoa ili mwingine asogee. Na aliyejitoa akirudi, Kocha alitaka timu nzima isimame kwa mstari na kumpa mkono, mmoja mmoja. Aliyepiga mpira ukavuka ua hakupata heshima hiyo, aliambiwa akae anywe maji.

Nyumbani nako kulikuwa na sheria moja. Mama alikuwa akisema, "Mukubwa akisema, unafanya. Utauliza kisha." Tuliisubiri sana hiyo kisha. Haikuwahi kufika.

Amani alipofika mwaka wa mwisho wa sekondari, mipira yake ilikuwa inaangukia barabarani na madereva wanatutukana kwa Kizulu. Kocha akatuambia kuwa kijana aliyewahi kuwa msaidizi wake sasa ni kocha mkuu wa chuo fulani Marekani, atapita Joburg, na atakuja kumtazama Amani akipiga. Akiridhika, Amani atasoma huko bure. Kwetu habari hiyo ilikuwa kubwa kuliko nyumba. Mama alifunga na kuomba na kina mama wa kanisani, akamshonea suti ya safari. Majirani wakaanza kumwita Mmarekani. Amani mwenyewe aliacha kula, na huyo alikuwa mtu wa kukwangua sufuria.

Siku ya mechi Mama alikuja uwanjani kwa mara ya kwanza, na kiti chake cha plastiki, na kina mama wenzake katika vitenge vya sare. Mgeni alikaa nyuma ya wavu, amevaa miwani ya jua. Mrushaji wa wapinzani alikuwa amesikia sifa za Amani, akawa anamrushia mbali makusudi, hivyo hadi zamu ya mwisho mgeni alikuwa hajaona kitu. Tulikuwa sare. Mwenzetu alikuwa kituo cha pili. Mrushaji amechoka, safari hii anarusha katikati. Nikajua ndiyo hii.

Kocha akagusa kofia, kisha mkanda.

Nilidhani amekosea. Amani naye alidhani hivyo, maana alimtazama muda mrefu. Kocha akarudia, taratibu. Amani akashusha gongo, akaugusa mpira, akakimbia akijua anatoka, na akatoka. Mwenzetu akafika kituo cha tatu. Amani aliporudi tulisimama mstari tukampa mkono. Mama, ambaye hakujua lolote kuhusu mchezo ule, aliona watu wamepanga foleni kumheshimu mwanawe, akasimama akapiga vigelegele. Kina mama wote wakampokea. Aliyefuata akaupiga mpira mrefu, wa kituo cha tatu akafika nyumbani, tukashinda. Mgeni alimpa Kocha mkono, akaingia kwenye gari, na hatukumsikia tena.

Jumapili Kocha alikuja kwetu. Mama alikuwa amepika sombe, kisamvu cha kwetu, na samaki, akaniambia nimtafsirie shukrani zake kwa kumheshimisha mtoto mbele za watu. Nikatafsiri zote. Mzee alikula amejiinamia. Baadaye, getini, alituambia mimi na Amani kilichomtoa chuoni. Mwaka wake wa mwisho alikuwa na kijana mwenye kipaji, na wageni wa timu za kulipwa walikuja kumwona. Mchezo ulidai banti. Yeye akamwacha apige, ili wageni waone. Kijana akakosa, timu ikafungwa, na wageni wakamchukua hivyo hivyo. Waliobaki, ambao ile ilikuwa mechi yao ya mwisho maishani, walifunga mabegi wakaondoka bila kumuaga.

"Samahani, Amani," alisema. "Lakini ningefanya vile vile tena."

"Sawa, Kocha," Amani akajibu. Hakuuliza kitu.

Mimi nilikasirika, na sijamaliza kukasirika. Naelewa alichofanya. Lakini kosa la Marekani alilirekebishia kwa mtoto wa Bertrams.

Kocha amekwisha kufariki. Amani ni fundi umeme, hana makuu, na Jumamosi anafundisha watoto kwenye uwanja ule ule. Daudi wangu ni mmoja wao. Wana glavu mpya, wana chupa za maji zenye majina yao, na Kiswahili wanakikumbuka wakiwa na shida. Jumamosi iliyopita ilikuwa sare, mtu yuko kituo cha pili, zamu ya Daudi. Amani akagusa kofia, kisha mkanda. Mtoto akainua mkono, akasimamisha mchezo, akamwendea katikati ya watu wote.

"Anko, kwa nini mimi?"

Eish. Enzi zetu ungelala na swali hilo mpaka uote mvi. Nilimgeukia Amani nikitegemea amkaripie. Hakukasirika. Aliinama hadi usawa wa mtoto, mrushaji akaanza kunung'unika.

"Sijui," akasema. "Nenda kapige."

Mama, kwenye kiti chake cha plastiki, siku hizi haoni mbali. Siku ile ya Amani bado anaisimulia kanisani kama ushindi, na hakuna aliyemrekebisha. Akanishika mkono, akaniuliza kama mjukuu ameshinda, kama anko wake siku ile, ili apige vigelegele.

Nikamwambia bado, Mama. Huyu ndiyo kwanza anakwenda kupiga.