Nishani Ambayo Hatukuitoa

Kila Jumapili mchana, mama yangu, tuliyemwita mayu, alikaa kwenye kigoda barazani kwetu Nsemulwa, mimi mkekani katikati ya magoti yake, anisuke. Sikuwa natulia hata kidogo. Ndipo akabuni nchi yenye ziwa la maziwa, ambako wachawi wasioroga mtu, wanaochezea wakati tu, walishindania Nishani ya Jua. Mmoja alirudisha mvua mawinguni. Mwingine aligeuza ng'ombe mzee akawa ndama. Jaji nilikuwa mimi, na jaji haruhusiwi kutikisa kichwa.

Akifika msuko wa mwisho alitaka nitaje mshindi, nami nilikataa katakata.

"Mayu, kuna mmoja hajaonyesha."

Nilijua nishani ikishatolewa, hadithi imekwisha.

"Jaji gani wewe! Maharage yanaungua!" alifoka, akinigonga begani kwa kitana. Lakini Jumapili iliyofuata mchawi mpya alikuwepo.

Siku hizi kigodani nakaa mimi, na yeye mkekani. Nywele zake zimebaki chache, nyeupe. Kivuli cha ukuta hakijafika miguuni kwake nimeshamaliza. Mambo mengi yamemtoka kichwani, hata majina yetu. Juzi, vidole vyangu vikiwa kwenye msuko wa mwisho, aliuliza taratibu, kama mtu anayeongea usingizini:

"Nishani amechukua nani?"

Nikaanza kuufumua msuko ule, polepole, asihisi.

"Bado, mayu. Kuna mmoja hajaonyesha. Tulia."